Nia Njema Ina Nyayo: Kashfa, Jinai na Kinga ya Anayesema

Hotuba kwa waandishi wa mtandaoni, maadmini wa makundi ya WhatsApp na viongozi wa vikoba, Dar es Salaam

Itifaki ikiwa imezingatiwa, niruhusuni niingie kwenye jambo lenyewe bila kuzunguka. Wengi mliomo ukumbini mmeshasikia kwamba kashfa, yaani kulichafua jina la mtu, si jinai tena Tanzania. Habari hiyo ni nusu ya ukweli, na nusu iliyobaki ndiyo inayoweza kumfikisha mtu Mahakama ya Kisutu.

Nusu ya kwanza ni hii. Juni 2023 Bunge lilipitisha marekebisho ya Sheria ya Huduma za Habari ya 2016, na kashfa ikatolewa kwenye makosa ya jinai ya sheria hiyo. Anayeona jina lake limechafuliwa na gazeti au redio anafungua kesi ya madai na kuomba fidia. Hiyo ni hatua kubwa na walioipigania wanastahili shukrani.

Nusu ya pili imo kwenye Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, kifungu cha 16. Kinamgusa mtu anayechapisha kwenye mfumo wa kompyuta, na simu yako ya mkononi imo humo, maandishi, picha au alama huku akijua kwamba ni za uongo, za kupotosha au si sahihi, na akiwa na kusudi la kukashifu, kutisha, kutukana au kudanganya umma. Someni adhabu yake taratibu: faini isiyopungua shilingi milioni 5, au kifungo kisichopungua miaka 3, au vyote viwili. Neno la kulitazama ni "isiyopungua". Sheria nyingi humwekea hakimu dari. Hii imemwekea sakafu. Kijana aliyechapisha uongo kwa hasira ya usiku mmoja, akitiwa hatiani, hesabu yake inaanzia hapo. Na sheria hii inafanya kazi Bara na Zanzibar pia, wakati sheria za magazeti na makosa mengine ya jinai kila upande una zake.

Angalizo moja kabla sijaendelea. Namba za vifungu ninazotaja ni za sheria zilivyotungwa. Toleo jipya la sheria zetu, lile la 2023 lililoanza kutumika tarehe 1 Julai 2025, limepanga upya namba kwenye sheria nyingi. Ukiandika barua au utetezi, fungua toleo hilo kwanza uhakikishe.

Tumefikaje hapa? Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Waingereza waliitumia Tanganyika Kanuni ya Adhabu ya India ya 1860. Mwaka 1930 wakaiondoa wakaweka Kanuni ya Adhabu tuliyo nayo hadi leo, yenye viraka vingi. Vifungu vyake vya kashfa vikahamia Sheria ya Magazeti ya 1976, kisha Sheria ya Huduma za Habari ya 2016, na ukivisoma kimoja baada ya kingine unasikia sauti ile ile ya mkoloni. Kwao wenyewe, England na Wales, jinai ya kashfa ilikoma Januari 2010.

Mahakama mbili zenye makao Arusha, mji wetu, zimetoa hukumu ambazo kila mwandishi anapaswa kuzijua. Tarehe 5 Desemba 2014 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iliamua shauri la Lohé Issa Konaté, mhariri wa Burkina Faso aliyefungwa miezi 12 kwa makala kuhusu mwendesha mashtaka. Mahakama ikasema kifungo kwa kashfa kinavunja kifungu cha 9 cha Mkataba wa Afrika, isipokuwa katika mambo mazito sana kama uchochezi wa chuki na wa makosa ya kimataifa. Kisha tarehe 28 Machi 2019 Mahakama ya Afrika Mashariki, katika shauri lililofunguliwa na Baraza la Habari Tanzania na wenzake, ikaona vifungu kadhaa vya sheria yetu ya 2016, vya kashfa vikiwamo, vinakiuka Mkataba wa Jumuiya. Marekebisho ya 2023 yalikuja baada ya hapo.

Lakini tazameni kilichotokea kwa majirani. Februari 2017 Mahakama Kuu ya Kenya, katika shauri la Jacqueline Okuta, ilitangaza kwamba kifungu cha 194 cha Kanuni yao ya Adhabu ni kinyume cha katiba. Mwaka uliofuata Bunge lao likatunga sheria ya uhalifu wa mtandao ambayo kifungu cha 23 kiliweka adhabu kwa taarifa ya uongo inayoweza kumshushia mtu heshima, adhabu ikifika miaka 10. Jinai iliyotolewa barazani ikaingilia uani. Kwetu mlango wa uani ulikuwa wazi tangu 2015.

Sasa nije kwenye nia njema, ambayo ndiyo hasa iliyonileta.

Kifungu cha 16 hakiyataji maneno hayo. Kinasema "akijua". Upande wa Mashtaka ndio wenye mzigo, tena wa kuthibitisha bila kuacha shaka yoyote ya msingi, kwamba taarifa ilikuwa ya uongo, kwamba mshtakiwa alijua ni ya uongo, na kwamba alikusudia mojawapo ya mabaya yaliyotajwa. Aliyeandika akiamini kwa dhati kwamba anasema kweli hajui kuwa ni uongo, na aliyeandika kuwaonya wanachama wenzake hakukusudia kukashifu. Kwa maana hiyo nia njema imekaa ndani ya kosa lenyewe, kwenye nguzo mbili kati ya tatu.

Ugumu ni kwamba mahakama haiwezi kufungua kifua cha mtu ikasoma imani yake. Itaisoma kwenye alichofanya. Kwa hiyo maneno "mimi niliamini" yakisimama peke yake mbele ya hakimu ni mepesi kama unyoya. Yanapata uzito yakiambatana na daftari, barua, simu iliyopigwa, swali lililoulizwa na jibu lililosubiriwa.

Kipimo kilicho wazi kuliko vyote katika Afrika Mashariki kimo katika zile zile kanuni za adhabu za kikoloni, na Kenya na Uganda ziliandikiwa maneno hayo hayo. Kanuni hizo zinataja njia tatu za nia njema kuvunjika. Ya kwanza, jambo ni la uongo na aliyelichapisha mwenyewe halisadiki. Ya pili, jambo ni la uongo na alilichapisha bila kuchukua uangalifu wa kutosha kujua kama ni kweli au la. Ya tatu, hata kama alikuwa na haki ya kusema, alisema kwa kusudi la kuumiza kupita kiasi kilichohitajika kwa maslahi ya umma au kwa kulinda haki yake. Ya kwanza ni nadra, kwani wachache huandika wanachojua ni uongo mtupu. Wengi huangukia ya pili na ya tatu: hawakuuliza, au waliuliza kisha wakazidisha.

Kanuni hizo zina upande wa rehema pia, na mawakili wengi huusahau. Mshtakiwa akionyesha kwamba mazingira ya uchapishaji ni yale yanayolindwa, kwa mfano alikuwa na wajibu wa kumwambia yule aliyemwambia, na yule alikuwa na haki ya kujua, basi nia njema inadhaniwa ipo mpaka ithibitishwe vinginevyo, ama kwa maandishi yenyewe ama kwa ushahidi. Lugha ya kutukana ndani ya ujumbe wenyewe inatosha kuiondoa dhana hiyo. Umempa mwendesha mashtaka ushahidi kwa kidole chako mwenyewe.

Jambo moja la kisheria huwashangaza hata wanafunzi wa mwaka wa mwisho. Katika madai ya kawaida, Bunge la Mabwana la Uingereza, ambalo wakati huo ndilo lilikuwa mahakama ya juu kabisa huko, kwenye shauri la Horrocks dhidi ya Lowe lililoamuliwa mwaka 1974, lilisema kwamba mwenye kinga, yaani aliyesema katika mazingira yanayolindwa, haipotezi kwa sababu tu alikuwa mzembe au mwenye upendeleo, alimradi aliamini kwa dhati. Kanuni ya Adhabu ikadai zaidi: iliutaka na uangalifu. Yaani sheria iliyokuwa na jela ilimtaka mtu awe makini kuliko sheria iliyokuwa na fidia. India ni vivyo hivyo. Kanuni yao ya 1860 ilisema jambo halihesabiwi kuwa la nia njema kama limefanywa bila uangalifu na umakini. Ushauri wangu ni jipimeni kwa kipimo kile kizito. Anayekifikia yuko salama zaidi kwenye milango yote miwili.

Tuchukue mfano wa kikoba, maana ndiko ugomvi unakozaliwa kila wiki. Kikoba kina wanachama 30, kila mmoja ananunua hisa ya shilingi 10,000 kwa wiki. Baada ya wiki 16 daftari linapaswa kuonyesha shilingi 4,800,000. Mikopo iliyo nje ni 1,500,000, kwa hiyo benki inapaswa kuwa na 3,300,000. Taarifa ya benki inasema 2,450,000. Pengo ni 850,000.

Hapo ndipo mtu anashika simu na kuandika kwamba mweka hazina ni mwizi, amejengea Chanika kwa hela zetu. Hebu tulipime hilo. Anachokijua ni pengo. Wizi ni hitimisho lake. Nyumba ya Chanika ni jambo la tatu ambalo hana hata karatasi moja inayoliunganisha na kikoba. Na pengo lenyewe lina njia nyingi za kuzaliwa: hisa zilizogongwa muhuri kwenye vitabu vya wanachama huku fedha zikiahidiwa kuletwa kesho, fedha zilizo kwenye sanduku la kufuli tatu ambazo hazijapelekwa benki, mkopo uliotoka taslimu siku ya kikao na katibu hakuuandika, makato ya benki na ya kutuma kwa simu yaliyolimbikizana. Wizi nao ni njia mojawapo. Uangalifu maana yake ni kuzikagua nyingine kabla ya kuitaja hiyo.

Ujumbe unaolindwa unasomeka hivi: "Kwa mujibu wa daftari letu na taarifa ya benki ya tarehe 31 Mei, kuna tofauti ya shilingi 850,000. Tumemwomba mweka hazina maelezo ya maandishi hadi Ijumaa. Kikao cha dharura ni Jumamosi saa 10 jioni, kila mmoja aje na kitabu chake cha hisa." Kila neno humo lina karatasi nyuma yake. Mweka hazina hajaitwa jina baya, na wanachama wamejua kila wanachostahili kujua. Akionekana kweli amechukua, mnayo njia ya kwenda polisi na kwa Ofisa Maendeleo ya Jamii wa halmashauri, maana vikundi hivi vipo chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018 na halmashauri ndizo zinazovisajili na kuvisimamia kwa niaba ya Benki Kuu.

Sasa tuangalie ulipoutuma. Kundi la wanachama 30 wa kikoba ni watu wenye maslahi: fedha ni zao. Kundi la mtaa lenye watu 400 si hivyo. Ujumbe ule ule, wenye maneno yale yale, unapoteza kinga ukivuka kwenda kwa wasiohusika. Na humo humo kwenye kundi la kikoba, chunguza kwanza: mara nyingi kuna wanachama waliotoka zamani, waume na wake walioongezwa "wasikie tu", hata namba ambazo hakuna anayezijua. Admini asafishe orodha kabla ya jambo zito kuwekwa. Picha ya mtuhumiwa, watoto wake, shule wanayosoma, habari za ndoa yake, vyote hivyo ni ile njia ya tatu ya nia njema kuvunjika: kuumiza kupita kiasi.

Ikiwa lalamiko lako linamhusu mtu anayesimamiwa na mamlaka fulani, lipeleke kwa mamlaka hiyo. Duka la dawa linalouza dawa zilizopitwa na muda linakwenda Baraza la Famasi au TMDA, mamlaka ya dawa na vifaa tiba. Rushwa inakwenda TAKUKURU. Lalamiko linalopelekwa kwa nia njema kwa mwenye mamlaka ya kulishughulikia ni mojawapo ya mambo ambayo sheria ya kashfa imeyalinda tangu zamani, na Sheria ya Ulinzi wa Watoa Taarifa na Mashahidi ya 2015 imeongeza ulinzi kwa anayetoa taarifa kwa nia njema akiwa na sababu za kuamini kwamba ni kweli. Lakini ulinzi huo unamfuata anayepita mlango huo. Ukipiga picha barua yako ya malalamiko yenye mhuri wa kupokelewa na kuirusha Instagram jioni hiyo hiyo, barua inabaki na kinga na posti inajitetea yenyewe.

Wanaoandika kwa ajili ya umma wana wajibu mpana zaidi, na njia yao inajulikana. Bunge la Mabwana, katika shauri la Reynolds dhidi ya Times Newspapers la 1999, lilitaja mambo kumi ya kupima uandishi wa kuwajibika: uzito wa tuhuma, chanzo, hatua za kuhakiki, kama mtuhumiwa aliombwa maelezo, kama upande wake uliwekwa, lugha iliyotumika, na mengineyo. Hukumu hiyo haiwafungi majaji wetu. Sheria ya Uingereza tuliyoipokea ni ile ya hadi tarehe 22 Julai 1920, na za baadaye ni za kushawishi tu. Hata hivyo, mimi sijaona orodha bora zaidi ya kubandika ukutani pa chumba cha habari.

Katika mambo hayo kumi, linaloharibiwa zaidi ni kuomba maelezo. Mwandishi anapiga simu mara moja saa 4 usiku, haipokelewi, anaandika "hakupatikana kwenye simu" na kurusha saa 4 na nusu. Hiyo si kuomba maelezo, ni kujikinga kwa karatasi ya sigara. Mwombe kwa maandishi, mtajie tuhuma yenyewe kwa ukamilifu: tarehe, kiasi, mahali. Swali la "una lipi la kusema kuhusu tuhuma zinazokukabili?" halimpi mtu nafasi ya kujibu chochote. Mpe muda unaolingana na jambo. Habari isiyoharibika ipe siku 2. Dawa yenye madhara iliyo sokoni inaweza kuhitaji saa chache, na hapo andika kwa nini hukungoja. Akijibu, jibu lake liwe juu ya habari, si aya ya mwisho ambayo hakuna anayefika. Na akikupa maelezo yanayobomoa habari yako, habari hiyo imekufa. Ukiirusha hivyo hivyo umejithibitishia neno "akijua".

Hapa niseme kuhusu Kiswahili chetu, maana lugha hii ina vichaka vingi vya kujifichia na watu hudhani sheria haivijui.

Kichaka cha kwanza ni "inadaiwa", na nduguze "inasemekana", "tetesi zinasema", "nimetumiwa kama ilivyo". Kurudia uongo wa mwingine ni kuuchapisha upya. Anayefowadi ni mchapishaji. "Kama nilivyopokea" inaonyesha kwamba hukutunga wewe, jambo linaloweza kukusaidia kwenye swali la kujua, lakini pia inakiri kwamba hukuhakiki. Kichaka cha pili ni alama ya kuuliza: "Mwenyekiti wetu kauza kiwanja cha shule?" Msomaji wa kawaida anasoma tuhuma, haoni swali. Ukiwa na swali la kweli, mwulize mwenyekiti.

Kichaka cha tatu ni mafumbo, na hapo sisi watu wa pwani ni mabingwa. Mtu haandiki jina. Anaandika "yule dada wa saluni ya kona, mwenye gari jeupe alilolipata kwa miezi miwili", anamalizia na "mwenye masikio na asikie". Magomeni nzima imeshasikia. Mahakama haiulizi kama jina limetajwa. Inauliza kama watu wanaomfahamu walimtambua. Mashahidi wawili wa mtaa wakisema "tulijua ni yeye", fumbo limefumbuliwa. Tena kijembe kina hasara ya ziada kwako: kinaonyesha kusudi la kuchoma. Aliyeandika kwa uwazi na staha kwamba huduma ya tarehe fulani ilimuunguza nywele kwa dawa, na ana picha na risiti, amesimama pazuri kuliko mwenye fumbo tamu.

Maoni yana kinga yake. Unaweza kusema diwani ameshindwa kazi, kwamba mchezo wa kuigiza ni mbovu, kwamba uamuzi wa bodi ni wa aibu. Masharti ni mawili makubwa: maoni yaonekane kuwa maoni, na ukweli yanaousimamia uwe kweli na uwe umetajwa. "Barabara ya mtaa wetu ilitengewa fedha kwenye bajeti, haijaguswa, kwa maoni yangu diwani hastahili kura" ni maoni yenye miguu. "Diwani amekula fedha za barabara" ni tuhuma ya jinai, na kuiongezea "kwa maoni yangu" mbele hakuibadilishi.

Kwa habari za mahakamani, ripoti iliyo sahihi na yenye mizania ya yaliyosemwa hadharani mahakamani inalindwa vizuri. Inaharibika kwa neno moja. Aliyesomewa mashtaka ya wizi "anashtakiwa kwa wizi", hajawa "aliyeiba". Na ulichosikia kwenye korido, hata kutoka kwa wakili, hakimo ndani ya kinga hiyo. Ukiripoti siku ya mashtaka, ripoti na siku ya kuachiwa.

Sasa tuseme umekosea. Umerusha, na mtu amekuandikia: "Naomba ufute, si kweli, ushahidi huu hapa." Kuanzia dakika hiyo hali yako kisheria imebadilika. Jana ulikuwa hujui, leo umeambiwa. Ukiipuuza, au ukirusha tena kwa ukaidi, lile neno "akijua" linaanza kusimama, na ujumbe wake wenyewe wenye tarehe na saa ndio kielelezo. Jibu siku hiyo hiyo kwamba umepokea na unahakiki. Ukigundua kosa, sahihisha mahali pale pale ulipokosea, kwa ukubwa ule ule: kama ulirusha kwenye makundi matatu, masahihisho yafike matatu; kama ilikuwa video, masahihisho ya maandishi madogo chini hayatoshi. Taja kosa lilikuwa nini. "Tunaomba radhi kwa usumbufu wowote" haimrudishii mtu jina.

Kabla ya kuiondoa posti, hifadhi nakala yake kamili pamoja na maoni yaliyo chini yake. Na kama polisi wameshaanza uchunguzi, usifute kitu kwenye simu bila kuzungumza na wakili. Sheria ya Makosa ya Mtandao, kifungu cha 22, inafanya kuharibu au kuficha data kwa kusudi la kukwamisha uchunguzi kuwa kosa la kujitegemea. Inawezekana kabisa mtu akawa salama kwenye kifungu cha 16, kisha akanaswa na cha 22 kwa woga tu.

Ukiitwa kituoni, nenda, na mwambie ndugu au wakili unakokwenda. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai muda wa msingi wa kukuhoji ukiwa umeshikiliwa ni saa 4, na nyongeza haizidi saa 8. Una haki ya kuambiwa kosa, haki ya kuwasiliana na wakili, ndugu au rafiki, na haki ya kutojibu maswali. Kwa kosa lisilo na adhabu ya kifo unapaswa kufikishwa mahakamani ndani ya saa 24 pale inapowezekana. Maelezo ya onyo, yaani yale polisi wanayoyaandika kutoka kinywani mwako baada ya kukuonya, yasome mstari kwa mstari kabla ya kusaini. Mara nyingi mtu amesema "nilisikia wakisema, nikaamini", na kwenye karatasi limeandikwa "nilisikia uvumi nikausambaza". Tofauti ya sentensi hizo mbili ni tofauti ya kesi nzima. Omba irekebishwe, na usisaini hadi irekebishwe.

Kuhusu ushahidi wako: picha ya skrini peke yake ni dhaifu, kwa kuwa kila mtu anajua jinsi ilivyo rahisi kuitengeneza. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, kifungu cha 18, inaitaka mahakama ipime jinsi ujumbe ulivyotengenezwa, ulivyotunzwa bila kuguswa, na jinsi aliyeutuma alivyotambuliwa. Kwa hiyo tunza simu yenyewe, usiibadilishe wala kuirudisha kiwandani. Hamisha mazungumzo yote ya WhatsApp kama faili, usikate kipande kinachokupendeza. Piga picha inayoonyesha namba, tarehe na saa. Andika siku ile ile nani alikuambia nini; daftari la siku hiyo lina nguvu kuliko kumbukumbu ya baada ya mwaka. Chanzo kikiomba kisitajwe, kiandike kwa alama unayoijua wewe, na ufunguo wa alama hizo uwe mahali pengine kabisa.

Weka vyote kwenye bahasha moja kwa kila habari au kila tuhuma: nyaraka, barua ya kuomba maelezo, jibu au uthibitisho wa kutojibiwa, rasimu ya kwanza na ya mwisho, na kama kulikuwa na masahihisho, nakala yake. Bahasha hiyo usiitupe kabla ya miaka 3 kupita tangu siku ya mwisho uliporusha, kwa kuwa huo ndio muda wa ukomo wa kufungua madai ya aina hii chini ya sheria yetu ya ukomo. Mashtaka ya jinai hayafuati saa hiyo ya madai. Kwa tuhuma nzito, iacheni bahasha kabatini hata baada ya hapo.